Mfalme Aliyeitwa Mama

Siku yangu ya kwanza kazini nilivaa shati la mikono mirefu lililopigwa pasi, kama ninayekwenda benki, kumbe nakwenda kwenye banda la mabati pale Tandika. Kazi yenyewe iliitwa kutafsiri: deki inacheza mkanda, nawe umesimama kando ya televisheni na kipaza sauti, unawaeleza watazamaji, kwa Kiswahili, yanayosemwa humo. Kiingereza nilikuwa nacho, na Kihindi nilikiokota mitaani. Ila biashara na nchi za nje ilikuwa imefunguliwa, mikanda inaingia ya kila nchi, na wa siku hiyo baharia mmoja aliutoa Korea.

Mwenye Banda, mkubwa wangu wa kwanza, hakuwa mtu wa maneno mengi. "Watu wakitoka kabla mkanda haujaisha," aliniambia, "na wewe toka nao." Kiwandani nilikuwa nimeshapunguzwa. Pa kurudi sikuwa napo.

Ilikuwa sehemu ya kwanza ya tamthilia ya wafalme wa kale. Maandishi yake yalikuwa viduara na vijiti vitupu, basi nikatafsiri nyuso. Ndiyo njia ya wenye kazi hii wakikwama: ukiona mtu kakunja uso, unampa maneno ya hasira. Akatokea binti mbichi kabisa, wazee wenye ndevu wakamwinamia wakisema, "Mama." Neno hilo nililijua! Nikatangaza kwa majivuno kwamba huyo ndiye mama yao mzazi. Watu wakacheka. Nikasahihisha upesi: mama wa kambo, mke mdogo wa marehemu baba yao. Hapo wakaridhika, wengine wakaanza kumteta.

Kisha akaingia mfalme mwenyewe na ndevu zake, na wazee walewale wakapiga magoti: "Mama."

Benchi la nyuma wakaanza kuinuka. Mwenye Banda alikuwa mlangoni ananitazama, nami niliogopa kweli. Nikaona heri aibu kuliko uongo wa tatu, nikasema kwenye kipaza sauti kwamba lugha ile siijui.

Aliyeniokoa ni Bi Mwanaidi, muuza vitumbua, aliyekaa mbele. "Heshima tu hiyo," alisema bila kugeuka. "Mie nakuita baba hapa, kwani umenizaa? Endelea, baba."

Wakakaa. Nikamaliza mkanda, na Mwenye Banda akaniambia nije tena kesho, nivae shati jepesi.

Baadaye nilihamia Vingunguti, kisha Manzese, chini ya wakubwa wakali kuliko yule. Wenzangu wenye sauti nzuri kunishinda walidanganya mpaka watu wakawachoka.

Sasa nimestaafu, nipo Chanika, na tamthilia za Korea zinakuja zimeshatafsiriwa. Juzi mjukuu wangu wa kike, ana miaka saba, alinifundisha kwa subira kwamba "mama" ile ya Wakorea ni neno lao la kumtukuza mkubwa. Bi Mwanaidi alishafariki bila kujua kwamba alipatia, na hilo linaniuma.

"Ahsante, mama," nikamwambia mjukuu wangu. Wala hakushangaa kuitwa hivyo.