Mbega Ubaoni

Mjukuu wangu akirudi kutoka shuleni akinuka chaki, namwona tena baba siku ile utotoni, mlangoni mwa darasa letu, matope ya shamba la ujamaa miguuni. Mwalimu alikuwa amechora mti ubaoni: mbega tawi moja, binadamu tawi la jirani.

"Shikamoo, mzee," mwalimu alimwamkia.

Baba aliunyooshea ubao kidole. "Mzee wangu yupi alikuwa mbega?"

"Hakuna. Usisome tawi kwa tawi. Shuka mpaka matawi yanapoachana. Wewe na binamu yako mna babu mmoja, lakini je, binamu ndiye aliyekuzaa?"

"Binamu yangu hana mkia."

Hakuna aliyethubutu kucheka. Baba alinikamata mkono. "Shule basi, binti."

Alhamdulillahi, tangu hapo chakula hakikunipungukia, ila darasani sikurudi. Kesho yake nilipalilia maharage bondeni, nikiwasikia wenzangu kule juu shuleni wakiimba hesabu.