Mwingereza Mmoja, Picha za Kila Namna

Sisi tuliotazama sinema kwenye shuka hatuhitaji kuelezwa utamu wake. Katika mji wetu mdogo wa reli, shuka ilitundikwa Jumamosi alasiri kwenye ukumbi wa wafanyakazi, madirisha yakazibwa kwa magunia ya kahawa, nasi watoto tukakaa sakafuni mbele kabisa, mifuko imejaa njugu za kukaanga. Mama alikuwa akituaga, "Nendeni, lakini macho mrudi nayo."

Picha tulizozipenda zaidi zilikuwa na jina moja la mwongozaji, Mwingereza fulani. Aliyeligundua ni rafiki yangu Wafula, maana ndiye aliyebeba mikebe ya filamu kutoka stesheni na kusoma kila kibandiko. Mwezi huu vita vya manowari, mwezi ujao mapenzi ya kuwaliza akina mama, kisha vichekesho vya mapadri wawili na punda, halafu mizimu iliyomfanya kaka yangu mkubwa alale na viatu.

"Huyu ni mtu mmoja," Wafula alisema.

Tulimcheka. Mtu mmoja azamishe meli, kisha ajue na mambo ya mapenzi? Katika mji wetu fundi wa viatu hakushona hata kifungo.

Hapo nikafanya kosa langu. Baba alikuwa karani wa posta, magazeti yalifika kwetu, na kila mtoto aliamini nilichosema nimesoma. Nikatangaza kwamba gazeti limeandika ni ndugu watatu wenye jina moja la ukoo. Gazeti nilikuwa nimelisoma kweli, na lilisema ni mtu mmoja. Iliniuma tu kwamba Wafula, mtoto wa mpagazi, amejua kitu kabla yangu.

Alichekwa hadi shuleni. Wakambandika jina la Ndugu Watatu. Akaacha kubeba mikebe, akaacha kuja sinema, miaka miwili mizima, mpaka tulipokwenda shule za bweni.

Maisha yametuleta sote huku ughaibuni, kwenye vitongoji vya jiji moja. Yeye anakaa Springfield kwa binti yake muuguzi, mimi niko Beltsville. Tunaonana kanisani Bladensburg, tunaulizana hali ya magoti, basi. Jambo lile sikuligusa kamwe. Kisha mwaka huu jumba moja la sinema mjini likatangaza wiki nzima ya picha za Mwingereza yule, kazi ya miaka hamsini. Mlangoni waliweka picha zake: kijana mwenye nywele nyingi, halafu mzee kama sisi, pua ile ile.

Nikamwalika Wafula. Tukiwa pale mlangoni nikamweleza yote, pamoja na habari ya gazeti.

Alizitazama zile picha kwa muda mrefu. "Kumbe ulijua, bwana."

"Nilijua."

"Mimi nilidhani ulikosea. Kukosea nilikusamehe zamani, kabla hata hatujaota ndevu." Akavua kofia. "Hili la leo ni jipya. Nipe muda."

"Una miaka sitini na tatu, Wafula. Muda gani?"

Akacheka, huku akijitahidi asicheke.

Wajukuu zetu wana kanda za video. Picha ikiwachosha kidogo wanaisukuma mbele, na ukiwauliza kwa Kiswahili ni nani aliyeitengeneza, wanakujibu kwa Kiingereza kwamba hawajui, kisha wanaomba piza. Sisi tuligombania jina la mtu tusiyemjua, na ugomvi ukavuka bahari pamoja nasi. Watoto wa leo hawana hata ugomvi wa kudumu wiki moja. Siku zile nazitamani, na aibu yangu ikiwa ndani yake.

Alhamisi, siku ya kuonyeshwa ile picha ya mizimu, nilicheleweshwa na foleni ya magari. Nilipofika taa zilikuwa zimeshazimwa. Nikapapasa safu baada ya safu mpaka nikamwona Wafula, katikati. Kiti cha pembeni yake alikuwa amekiwekea koti. Aliliondoa bila kunitazama, nami nikakaa.