Nyumba ya Anarshiki

Kwetu Bagira, neno anarshiki liko la nyumba tu: ile iliyojengwa bila ruhusa pembeni ya bonde, ambayo watu wa serikali wanaipiga musalaba mwekundu ibomolewe. Basi siku jirani yetu, mwalimu wangu wa zamani, alipomwambia maman, mama yangu, kwamba yeye ni anarshisti, maman alipiga mikono. "Yesu wangu! Mwalimu, huna karatasi za kiwanja?"

Mwalimu alicheka mpaka miwani ikaanguka. Akaeleza kwamba zamani, kule Bulaya, kulikuwa watu waliofikiri binadamu anaweza kusaidiana bila shefu, mukubwa wa kumusukuma. Yeye aliamini hivyo maisha yake yote. Hata darasani kwake hatukuwa na shefu, na bado ubao ulifutwa kila siku.

"Bila shefu, nani atafanya?" maman aliuliza.

Mwalimu alijibu kwa mawe. Kila Jumamosi asubuhi alipanga ukuta kwenye mteremko ulio juu ya nyumba ya maman, udongo usituangukie, na hakuita mutu. Wiki ya tatu jirani mmoja alishindwa kumutazama tu. "Kidole kimoja hakivunji chawa, mwalimu," akainua jiwe. Wengine wakafuata, wakachimba na mufereji wa maji.

Mwalimu alipokufa, sisi wenye akili tuliunda komite. Nilichaguliwa prezida, na kweli ya Mungu, nilifurahi. Nikatafuta filimbi ya kuita watu kazini kila Jumamosi, na kaye, daftari la kuandika wasiofika. Nilipiga filimbi hiyo! Watu walifika nusu, kisha robo, kisha nikabaki mimi na kaye yangu. Mufereji ukajaa takataka, maji yakapita nyuma ya ukuta, ukuta ukatoa tumbo juu ya chumba anacholala maman. Niliogopa sana. Na nilifanya nini, mupumbavu mimi? Niliitisha mukutano.

Jumamosi hiyo, nikiwa bado natafuta filimbi, nilisikia koleo. Maman, na magoti yake yale mabaya, alikuwa ndani ya mufereji, kikwembe alichojifunga chote matope. Majirani wawili walikuwa wameshashuka kumusaidia, na mwingine alikuja na karai.

"Maman! Nani amekutuma?"

Hakuacha kuchimba. "Kwani mwalimu alitumwa na nani? Weka hiyo kaye, prezida. Kamata ndoo."

Nilisikia haya mpaka masikioni, nikakamata.