Uzi kwenye Mguu wa Kinyonga

Nilipokuwa mtoto wa miaka tisa niligundua kwamba jina langu limefungwa kwa uzi kwenye mguu wa kinyonga, ndani ya chupa ya spiriti, katika chumba kisicho na dirisha hapa Birmingham. Watu wakinisikia nikisema hivyo hucheka, wakidhani natia chumvi. Sitii chumvi. Nina kasoro nyingi, na hasira zangu ziko karibu, lakini jambo nikilisema nalisema lilivyo. Ndiyo maana hili moja limenikwama kooni miaka yote hii.

Tulikuwa tukiishi Shard End, ghorofa ya pili, Mama na mimi. Mama alisafisha majengo ya chuo kimoja mjini, Jumamosi pia, na kwa kuwa hakuwa na mtu wa kuniachia, nilikwenda naye. Pasipoti yake ilikuwa kwa watu wa uhamiaji. Aliituma kuomba kibali kipya, ikakaa huko mwaka wa kwanza, wa pili, mpaka ukaingia wa tatu. Bila pasipoti hutoki, na ukitoka hurudi. Katika muda huo baba yake alifariki kwetu Werugha, kwenye milima ya Taita. Alizikwa huku Mama ameketi kitandani na simu sikioni, akisikiliza nyimbo za mazishi mpaka salio likaisha. Sikumwona akilia. Nilimwona akikunja nguo ambazo zilikuwa zimeshakunjwa.

Mwaka uliofuata mjomba akamlipia Nyanya nauli aje akae nasi miezi sita. Nyanya aliitwa Wakesho, nami nimepewa jina lake, kwa hiyo hakuwahi kuniita mjukuu. Aliniita somo. Mimi nilikuwa mtoto wa hapa, Mama akiniongelesha Kiswahili namjibu kwa Kiingereza. Nyanya alilikata hilo siku ya kwanza.

"Somo, mimi sina masikio ya hayo. Nipe maneno ya nyumbani."

Kiswahili hiki ninachoandika nilianza kukipata kwake, ameketi mbele ya hita, amejifunga leso mbili na koti la Mama juu. Dirisha letu lilikuwa limepakwa rangi vibaya, halifunguki. Alilisukuma siku ya pili, likakataa. Akasema tunaishi kama kuku wa gredi: tunalishwa, tuna taa, na hatujui jua liko wapi.

Aliyeanzisha mambo, bila kukusudia, ni Hazel. Alikuwa mama wa Kiingereza mwenye miwani kwenye kamba, mtunza stoo ya samaki na wanyama watambaao pale chuoni. Jumamosi moja hita yetu iliharibika, Mama akaogopa kumwacha Nyanya kwenye baridi, tukaenda naye kazini. Hazel akauliza bibi huyu ametoka wapi. Mama akamwambia Taita. Hazel akapiga makofi. Kumbe kulikuwa na mwalimu wa chuo hicho, marehemu zamani, aliyekwenda Taita kabla ya uhuru kukusanya viumbe, akarudi na masanduku. Njooni mwone, akasema.

Stoo ilikuwa chini ya ardhi. Mlango wake mzito ulijifunga wenyewe, kwa sababu spiriti hushika moto. Ndani ni rafu juu ya rafu za chupa. Samaki wamesimama kwa mikia, midomo wazi, rangi imewatoka, kila mmoja ana uzi ulioingia mdomoni ukatokea kwenye shavu. Nyoka wamekunjwa kama mikanda dukani. Na kwenye kila uzi kuna kijikaratasi. Hazel alinieleza, nami nikamtafsiria Nyanya, kwamba mnyama peke yake si kitu. Kinachompa thamani ni lebo ile: alipatikana wapi, lini, na nani. Mnyama asiye na lebo, alisema, hana kwao.

Kisha akashusha chupa moja, akanipa nisome mimi mwenye macho ya kitoto, maana mwandiko ulikuwa mdogo. Ndani alikuwa kinyonga mwenye pembe mbili puani, mweupe kama mshumaa. Nikasoma kwa sauti: Werugha. Nikasoma tarehe. Nikasoma mstari wa mwisho, unaotaja aliyemkamata: Wakesho, msichana.

Nilicheka. Nyanya hakucheka. Aliniambia nisome tena, nikasoma, naye akaketi kwenye kigoda cha kupandia rafu.

Ndani ya basi alitusimulia. Mzungu huyo aliweka hema karibu na misheni, akawaambia watoto wamletee mijusi, vyura, samaki wa mtoni, chochote kile, atawapa sukari. Watoto wote walileta. Kinyonga ndiye hakuna aliyemgusa, maana kwetu kinyonga haguswi. Nyanya, mbishi tangu hapo, akamleta wa pembe, kwenye kijiti, kutoka ukingo wa msitu. Mzungu alifurahi mno, akampa kioo cha kujitazama, akamuuliza jina, akaliandika. Bibi yake Nyanya alipoona kile kioo alikivunja. Akamuuliza: umempa kinyonga, na jina pia?

Kwa sababu mtu wa kwetu akitaka kumfunga mwenzake, alisema Nyanya, hufanya hivyohivyo. Huchukua jina, huchukua kiumbe, hufunga kwa uzi, hutia ndani ya chupa na kuificha pasipofika jua. Aliyefungwa atatembea na hatafika. Na fundo hilo halimshiki yeye tu. Linawashika waliotoka tumboni mwake na wote waliobeba jina lake. Dawa ni moja tu, kuliona fundo na kulifungua, kwa mkono wa mwenye jina.

"Mama," Mama akasema taratibu, kwa sababu basi lilikuwa limejaa, "hiyo ni sayansi."

"Basi hiyo sayansi imemfunga nani? Si mimi?" Nyanya alikuwa mtu wa kanisa, wa umoja wa akina mama, na hakuona mgongano wowote. "Wewe umeshindwa kumzika baba yako. Unafikiri kuna karani anayeikalia pasipoti yako miaka mitatu bure?"

Mama akamwambia asithubutu. Ile kazi ndiyo kodi ya nyumba, ndiyo barua ya mwajiri kwenye faili la uhamiaji. Ikiguswa ile chupa, tumekwisha. Nyanya hakubishana. Lakini kesho yake, akinisuka nywele, vidole vyake vya baridi yabisi vikiniumiza kichwani, alisema polepole: "Somo, mimi vidole vyangu vimekufa. Wewe unavyo, na jina unalo." Kisha akanionya, akinivuta sikio ili nisisahau: "Ukifungua, usifunge tena. Anayefunga tena ndiye anayebaki."

Sikuhitaji kushawishiwa. Nilikuwa na hasira na Hazel, na yule mzungu wa hema, na karani nisiyemjua. Jumamosi iliyofuata Hazel aliuzuia mlango wa stoo kwa kile kigoda, akatoka na sanduku. Mama alikuwa kwenye korido ya pili na mashine ya kufyonza vumbi. Nikaingia. Rafu ilikuwa juu, sikuifikia, nikaenda kukichukua kigoda. Kwa akili ya miaka tisa sikufikiria kigoda kile kilikuwa kinafanya kazi gani pale. Nilipopanda na kuishika chupa, nilisikia mlango ukijifunga nyuma yangu.

Nikasema kwanza nimalize nililojia. Spiriti ilikuwa baridi na iliuma penye ukucha niliokuwa nimeutafuna. Kinyonga alikuwa mgumu kama mpira, mkia umejikunja mara tatu. Fundo lilikuwa dogo, limekaza kwa miaka mingi kuliko umri wa Mama. Nililifungua kwa meno. Ladha ile naijua hadi leo. Uzi ukaachia, lebo ikabaki kiganjani, nami nikangoja. Hakuna kilichotokea.

Mlangoni sikuona kitasa. Kulikuwa na kitufe cha kufungulia, lakini kilikuwa nyuma ya maboksi, nami sikujua. Nilipiga, nikaita. Nilisikia mashine ya Mama ikienda na kurudi, ikienda na kurudi, upande wa pili wa ukuta. Nilipochoka nikaketi sakafuni, na taa zikazimika. Zile taa huwaka mtu akitembea na huzima akitulia. Nikapunga mikono, zikawaka. Nikatulia, zikazima. Nilikaa hivyo, mikono juu, mikono chini, kinyonga mapajani, na samaki wote wananitazama midomo wazi kama watu waliokuwa wanasema jambo wakakatizwa.

Mle ndani nilifikiria kitu ambacho sikukitegemea. Nyanya alikuwa amesema lebo ile ataichoma kwenye jiko. Sasa niliitazama. Nyanya hakuwa na cheti cha kuzaliwa, na umri ulio kwenye pasipoti yake ulikisiwa na chifu. Kioo chake kilivunjwa. Duniani kote, karatasi moja tu ilikuwa imemwona akiwa msichana, ameshika kijiti ukingoni mwa msitu, na nilikuwa nimeshaing'oa kwa meno. Niliogopa vitu viwili kwa pamoja, fundo lifungwe na lebo ipotee, na sikuwa na pa kutokea.

Mlango ulipofunguliwa walikuwa wawili, Hazel mbele, Mama nyuma, uso wake kama majivu. Mama akawahi kusema mtoto alikuwa anatazama tu, madam, hajagusa kitu.

"Nimegusa," nikasema. "Nimefungua. Hilo ni jina langu."

Nikaeleza yote, kwa Kiingereza, haraka, nikilia kwa hasira. Hazel aliiva uso mpaka masikioni. Hakupiga kelele. Alisema itabidi aandike kilichotokea, kwa sababu chupa zile ziko mikononi mwake na hataki kuficha. Wakati ule nilimchukia. Siku hizi namheshimu kwa hilo kuliko kwa wema wake wote. Halafu akatoa uzi mpya kwenye droo, akauliza, "Nifunge mimi, au utafunga wewe?"

Nilijua Nyanya aliniambia nini. Sikio lilikuwa kama bado linauma. Lakini sikutaka mkono mwingine wa kigeni ulifunge jina lile mara ya pili. Nikauchukua uzi, nikafunga fundo pekee nililolijua, la kamba za viatu, mara mbili.

Nyumbani Nyanya alikuwa ameketi mbele ya hita, amevaa viatu kama msafiri. Akaniuliza kitu kimoja.

"Umefungua?"

"Nimefungua, Nyanya."

Akaivuta mikono yangu, akavinusa vidole, akasikia spiriti, akafumba macho. Mama alisimama mlangoni na mkoba begani. Alisikia, akaenda kuutundika. Jumatatu kampuni yake ikamhamishia jengo lingine kule Northfield, mabasi mawili, kutoka nyumbani kabla ya alfajiri. Hakunilaumu. Afadhali angenilaumu.

Nyanya aliondoka mwezi wa tano, moyo wake mwepesi. Mwezi wa sita pasipoti ya Mama ilirudi na kibali ndani. Tulipompigia simu, Nyanya alicheka mpaka akakohoa. Nilikwambieni nini? Fundo limefunguka. Mama akanitazama, nami nikasema ndiyo, Nyanya. Hiyo ilikuwa mara ya pili kutomwambia yote.

Miaka imepita. Mama alirudi nyumbani moja kwa moja, akajenga Werugha, hatua chache kutoka kaburi la baba yake. Mimi nimebaki. Nilipofika miaka kumi na tano nilimwandikia Hazel barua ya kuomba radhi na ya kuomba kazi ya kujitolea, zote mbili katika ukurasa mmoja, na akanikubali. Sina digrii. Nilichojua nilikitoa kwenye vitabu vya maktaba ya Shard End na kwenye chupa zenyewe: kuhesabu magamba ya samaki ubavuni, miiba ya mapezi, kumtofautisha mjusi na ndugu yake kwa vidole. Hazel alipostaafu, kadi ya mlango ikawa yangu. Wasomi huniletea viumbe vyao, na tumeshakosana na kadhaa. Mmoja alitaka kukisia mahali mjusi alipotoka ili lebo ipendeze. Nilimwambia kama hujui, andika hujui. Na nikipokea kitu kipya huuliza aliyekikamata ni nani hasa, jina lake, si jina la mkubwa wake. Yule mzungu wa hema, kwa mengi niliyo nayo dhidi yake, hilo alilifanya, na wengi wa wakati wake hawakulifanya.

Nyanya alifariki mwaka ule ndege zilipositishwa kwa ajili ya maradhi. Nilisikiliza mazishi kwenye simu, nimeketi kitandani. Nilijikuta nakunja nguo.

Siamini kwamba uzi humfunga mtu. Lakini naweza kukutajia idadi ya magamba kwenye kidevu cha kinyonga yule wa pembe, na sijawahi kumwona akiwa hai, juu ya tawi, akibadilika rangi. Tangu niletwe hapa nikiwa na miaka minne sijakanyaga Werugha. Kila mwaka kuna sababu, na kila sababu ni ya kweli. Mama akiuliza unakuja lini, namjibu kwa ukali, kisha najuta.

Mara moja kwa mwaka nashusha ile chupa kuongeza spiriti. Fundo bado ni lile la kamba za viatu, baya, la mtoto. Mtunzaji mzuri angelibadilisha. Sijalibadilisha.

Nyanya, nilifungua, hilo ni kweli. Halafu nilifunga tena, kwa mkono wangu, na nimebaki.