Gari Lililokaa Juu ya Mawe

Nilipoanza kazi dukani, gari la mzee lilikuwa tayari limekaa juu ya mawe nyuma ya nyumba, na kuku walikuwa wanataga kwenye kiti cha nyuma. Lilikuwa gari dogo la milango miwili, rangi ya maziwa. Mbele lilikuwa na magurudumu yake, nyuma halikuwa na hata moja. Mzee alikuwa amemwazima rafiki yake, mwenye gari kama hilo, magurudumu mawili ili afike Singida mara moja tu na kurudi. Huyo rafiki hajarudi mpaka leo.

Ilikuwa miaka ya themanini mwanzoni, na kila kitu kilikuwa cha kutafuta. Sukari tulipanga foleni, unga tuliokula ulikuwa wa njano, na matairi ndiyo usiseme. Yalitoka kwa kibali, na kibali kilianza na malori, kikafuata matrekta, kikaishia hapo. Mzee alikwenda mara moja kuuliza ofisini, akaambiwa gari dogo si la uzalishaji. Alirudi akakaa kwenye kiti chake mlangoni mwa duka, akasema, "Basi na mimi si wa uzalishaji."

Serikali ilikuwa pia imekataza magari ya watu binafsi kutembea Jumapili kuanzia saa nane mchana, ili mafuta yasiishe nchini. Wenye magari walinung'unika sana. Gari letu lilitii amri hiyo siku zote saba.

Mimi nilitoka kijijini Mutuka, nimemaliza darasa la saba. Kabla ya hapo nilifanya kazi ya kufyeka majani misheni, na dereva wa pikapu yao alinifundisha kuendesha mpaka nikapata leseni. Leseni hiyo niliitunza ndani ya mfuko wa nailoni, kwenye mfuko wa shati, nikawa naitembeza tu maana sikuwa na gari la kuendesha. Nilikuwa mtu wa haya. Mteja akiniuliza bei, nilimtazama mzee anijibie. Mke wa mzee watu walimwita kwa jina la mwanawe wa kwanza. Mimi nilimwita Mama. Alikuwa mkubwa wa mwili na wa sauti, na aliongea kwa niaba yetu sote.

Siku moja akaja mtu kutoka Arusha, akalizunguka gari, akapiga bodi kwa vidole kama anayepima tikiti maji. Alisema atalichukua kwa ajili ya vipuri. Siku ya mnada wa ng'ombe atakuja mjini na lori, atalipakia. Mzee hakusema ndiyo wala hapana, lakini nilimwona uso wake umelegea.

Jioni ile nikamfuata.

"Mzee, likisimama?"

"Likisimama nini?"

"Gari. Likisimama kwenye magurudumu yake. Utaliuza?"

Alinitazama kama aliyesikia kabati likiongea. "Likisimama kabla ya mnada, siuzi. Na dereva utakuwa wewe. Lisiposimama, linakwenda Arusha, na wewe unarudi Mutuka kulima na kaka zako. Mzigo wa duka hili siku hizi hata kuku wanaweza kuubeba."

Hilo la kuku lilikuwa kweli. Rafu zilikuwa na viberiti, chumvi na maboksi matupu.

Nikachukua boksi moja la sabuni. Sabuni yenyewe tulikuwa hatujaiona kwa muda mrefu, lakini boksi bado lilinukia. Nililikata duara, nikalikandamiza kwenye bolti nne za nyuma, nikaligonga kwa kiganja mpaka bolti zikatoboa matundu manne. Katikati nikakata tundu kubwa la kupitisha habu, kile kitovu cha gurudumu. Sasa nilikuwa na kipimo. Ringi yoyote ambayo nati zake zingeangukia matundu yale ingekaa kwenye gari letu. Nililipenda boksi lile hasa kwa sababu lilinipunguzia kuongea. Badala ya kumwuliza mtu, ningelisogeza tu kwenye gurudumu lake.

Mjini Babati wakati ule magari madogo yalihesabika. Asubuhi moja nikakuta gari dogo geni limeegeshwa mbele ya nyumba ya wageni. Nikachuchumaa, nikaweka boksi langu kwenye gurudumu la nyuma.

"We kijana! Unalipima gari langu sanda?"

Dereva alikuwa amekaa kibandani anakunywa chai, nami sikumwona. Nikasimama.

"Si sanda. Matundu."

"Matundu gani? Unatafuta pa kuingilia?"

Watu kibandani wakacheka. Mama muuza chai akasema, "Mwache huyo, ni kijana wa pale dukani. Ataiba vipi? Hata kusalimia anaona aibu."

"Shikamoo," nikamwambia dereva, maana nilikuwa kweli sijamsalimia. Wakacheka tena.

"Marahaba. Lete hiyo karatasi yako." Akaliweka boksi kwenye gurudumu, akaligeuza huku na huku. Tundu moja lilikubali, matatu yakakataa. "Unaona? Nne na nne, lakini haziongei lugha moja. Zangu zimeachana, zenu zimekaribiana. Nenda Singe. Kuna gari dogo lilitumbukia mtaroni wakati wa mvua, mwenyewe amelifanya banda la bata. Nililiona jana."

Gari la bata lilikuwa la mama mmoja mkulima, mume wake alikuwa shambani. Nilimpa shikamoo, nikamwonyesha boksi, nikanyoosha kidole kwa bata. Sijui alielewa vipi, ila alielewa. Nikaweka kipimo: nati zote nne zikaingia kwenye matundu. Ringi zilikuwa nzima, na zaidi ya hapo zilikuwa na matairi manene, karibu mapya. Mama yule hakutaka pesa, maana pesa haikuwa na cha kununua. Alitaka chumvi na viberiti. Mama wa dukani akatoa bila kuuliza mara mbili, na mimi nikayabingirisha magurudumu kutoka Singe hadi mjini, moja kila mkono, watoto wakinifuata nyuma wakiigiza mlio wa lori.

Tulipoondoa mawe na kushusha jeki, gari likasimama. Majirani wakaja. Nilifukuza kuku, nikasafisha plagi, nikamwaga petroli kidogo tuliyoipata kwa kubembeleza, na baada ya kukohoa sana likawaka. Nikazunguka nyumba mara moja, nikiwa peke yangu. Hakuna tatizo. Mzee akapanda mbele. Hakuna tatizo. Kisha Mama akapanda nyuma.

Gari likakaa chini kidogo. Nilipoachia klachi, nyuma kukatoka mlio kama wa mtu anayesaga mahindi, halafu harufu ya mpira unaoungua.

"Simama!" mzee akasema. Nikasimama. "Mama, shuka kidogo tujaribu."

"Nishuke kwenye gari langu?"

"Tunajaribu tu."

Akashuka. Gari likaenda kimya. Akapanda. Likasaga.

"Naona basi," mzee akasema taratibu, "hili litakuwa gari la watu wembamba."

"Na wewe utaoa mwembamba lini?" Mama akamjibu, na majirani wakashika mbavu.

Nilijilaza chini nikachungulia. Boksi ni kitu bapa. Lilinionyesha matundu, halikunionyesha tumbo la ringi. Ringi za Singe zilijitokeza nje zaidi kuliko zetu za mbele, na matairi yake yalikuwa manene. Gari likipata mzigo, madigadi, lile bati la juu ya gurudumu, ilishuka na kuuma tairi. Fundi baiskeli wa jirani alileta msumeno, akasema tukate madigadi. Mzee akasema akate kwanza mguu wake. Basi likabaki jambo moja. Ringi zibaki zile zile, matairi yawe membamba. Namba zilizoandikwa ubavuni mwa tairi nilikuwa nimeshaanza kuzielewa: ya mwanzo ni ya unene, ya mwisho ni ya ringi. Ya mwanzo ipungue, ya mwisho isiguswe.

Ila mnada ulikuwa kesho yake, na matairi membamba sikuwa nimeyaona popote.

Niliyakuta mnadani. Nyuma ya uwanja wa ng'ombe walikuwa wamekaa mafundi wa katambuga, zile ndala za matairi, kila mmoja na rundo lake. Fundi anakusimamisha juu ya kipande cha tairi, anauchora mguu wako kwa chaki, kisha anakata. Fundi wa mwisho alikuwa na matairi mawili membamba yamelala mbele yake. Nikainama kusoma namba. Ya mwisho ilikuwa ya ringi zetu. Lakini juu ya moja kulikuwa na mguu umechorwa tayari, mpana, na fundi alikuwa ananoa kisu. Pembeni alisimama mzee mfugaji, shuka begani, fimbo mkononi, pekupeku, akingoja.

Hapa boksi lisingenisaidia.

"Shikamoo, baba," nikamwambia fundi.

"Marahaba."

"Baba, naomba... naomba usikate hili tairi."

Fundi akainua kichwa. "Ni lako?"

"Si langu. Ni la gari."

Mzee mfugaji akanitazama kuanzia chini hadi juu. "Gari lina miguu minne," akasema, "mimi nina miwili. Nani ana shida?"

Watu waliokuwa karibu wakasogea. Masikio yalinichoma moto. Lakini nilimwona yule mtu wa Arusha akilini, na lori lake, na jembe la Mutuka, nikajikuta nimesema kwa sauti ambayo sikujua ninayo, "Baba, gari langu nalo lina miwili tu. Miwili mingine ndiyo hii hapa."

Wakacheka, na mzee mfugaji akacheka pia, akaonyesha pengo. Nikaona nisiache. Nikamweleza yote: ringi za Singe, madigadi, Mama akipanda nyuma. Nikamwambia nina matairi mawili manene, ya nyuzi si ya waya, na kwamba nitabadilishana naye, manene kwa membamba.

"Mimi tairi ni tairi," fundi akasema, "mradi lisiwe na waya wa kunivunjia kisu. Muulize mwenye mguu."

Mwenye mguu akataka kuyaona. Tukaenda wote watatu hadi nyuma ya duka, fundi amebeba matairi yake kichwani. Mzee mfugaji akalibonyeza tairi nene kwa kidole gumba, akalipiga na fimbo, akalikanyaga.

"Hili litanizika," akasema. "Nimekubali. Lakini unipeleke nyumbani. Nimepanda malori pamoja na ng'ombe, gari dogo bado."

Tukatoa matairi kwa vyuma vya kuchokolea, fundi akisaidia maana alikuwa na haraka ya kukata, tukaingiza yale membamba, tukatia mipira ya ndani yenye viraka vingi kuliko mpira wenyewe, tukapiga pampu kwa zamu. Nilikuwa nakaza nati ya mwisho niliposikia lori likisimama barabarani. Mtu wa Arusha akaingia uani, akaliona gari limesimama kwa miguu yake, na uso wake ukabadilika. Nilifikiri amekasirika. Kumbe amefurahi.

"Mzee, umefanya vizuri," akasema. "Sasa silichukui kwa vipuri. Linatembea lenyewe, nakuongeza." Akataja bei.

Mzee akaitazama bei kama mtu anavyotazama sahani ya pilau aliyowekewa bila kuomba.

"Na ukitaka," mtu yule akaendelea, "nakuletea na sukari."

"Gunia?" mzee akauliza.

Hapo nikajua nimelitengeneza gari ili liuzwe vizuri zaidi. Spana ilikuwa bado mkononi. Nilimtazama Mama aniongelee kama kawaida, lakini alikuwa ndani anavaa viatu.

"Mzee," nikasema, "ulisema likisimama huuzi."

"Nilisema kabla ya mnada," mzee akadakia. "Leo si ndiyo mnada?"

"Mnada haujaisha," nikamjibu. "Ng'ombe bado wapo."

Mzee akageuka kwa mke wake, aliyekuwa ametokea mlangoni na mkoba. "Huyu amejifunza kusema lini?"

"Leo asubuhi," Mama akasema. "Na mimi naenda wapi na viatu hivi kama gari limeuzwa?"

"Na mimi," akasema mzee mfugaji, "sijafikishwa nyumbani."

Mzee akamwambia mtu wa Arusha, "Umesikia mwenyewe. Gari lina abiria." Akaingiza mkono kwenye kanzu, akanitupia ufunguo. Niliudaka vibaya, ukaangukia mchangani, nikauokota.

Mzee mfugaji alikaa mbele, fimbo imetokea dirishani. Mama alikaa nyuma, akajaza kiti. Tulipofika kwenye tuta la mtaro, nilipunguza mwendo. Gari likashuka, likapanda. Nilisikia injini tu.

"Limekwaruza?" Mama akauliza.

"Halijakwaruza."

Tukashika njia ya Katesh, vumbi likipanda nyuma yetu. Mzee mfugaji alikuwa amewasalimia kwa mkono watu watatu ambao nadhani hakuwajua. Mbele kidogo mwanamke mwenye kikapu alisimama kando ya barabara akapunga mkono.

"Dereva," Mama akasema kutoka nyuma, "mchukue yule."

"Tutakuwa wengi, Mama."

"Mchukue tuone."

Nikasimama.