Kitasa cha Wifi

Wifi yangu, mke wa kaka, ana mdomo wa kumsuta jogoo mpaka aache kuwika. Ni dobi wa hoteli, na sijawahi kumwona akikosa neno. Siku ile alilikosa.

Mtoto wake, aliyeanza kutembea juzijuzi tu, hushinda kwangu, lakini siku hiyo nilikuwa kwake namwangalia. Nilitoka na beseni la nguo kwenda kuanika, upepo ukaubamiza mlango nyuma yangu. Ufunguo nilikuwa nao mfukoni, lakini kitasa kile kibovu kilimjua wifi peke yake. Kaka mwenyewe hugonga afunguliwe. Ndani, maharage yalikuwa yakichemka kwenye jiko lililokaa juu ya stuli. Kupitia nondo za dirisha nikamwona mtoto akiliendea.

Nikampigia wifi kazini, nikaweka spika, simu nikaiegesha dirishani.

"Ingiza ufunguo, uinue kidogo, zungusha."

"Kidogo kiasi gani?"

"Kidogo, wifi! Kama kawaida!"

"Kawaida ya nani? Haufunguki!"

"Usiulazimishe! Yaani, unausikilizia... ukikubali, utajua tu."

"Nitajuaje? Mwanao yuko jikoni!"

Nilimfokea kana kwamba yeye ndiye upepo. Mtoto nilimwita, nikampigia makofi, nikamwimbia. Akanicheka, kisha akashika mguu wa stuli. Sufuria ikatikisika.

Simu ikawa kimya, nikadhani wifi amezimia. Kumbe alikuwa amesimama mbele ya mlango wa chumba cha kufulia, macho kafumba, anazungusha ufunguo wa hewa.

"Wifi," akasema, "mkono wa kushoto! Siku zote nimembeba yeye. Nikitoka kazini namchukua kwako, nafungua naye kiunoni. Sijawahi kufungua mikono mitupu. Beba kitu, kizito kama yeye! Uegemee mlango!"

Nikalinyakua beseni la nguo mbichi, nikaliweka kiunoni, nikauegemea mlango. Ufunguo ukazunguka kama haujawahi kugoma.

Sikumbuki nilivyofika jikoni. Nakumbuka nimemnyakua, sufuria ikaanguka nyuma yetu, maharage yakatapakaa pale alipokuwa amesimama. Mtoto akaangua kilio.

Nilirudi dirishani naye kiunoni. Wifi alikuwa bado anaita, sauti imemkauka.

"Nyamaza baba, nyamaza," nikambembeleza mtoto.

"Usimnyamazishe," wifi akasema. "Mwache alie. Mwache nimsikie."