Blanketi la Mbao

Mara ya kwanza kusikia kwamba Wamarekani hutundika mablanketi ya mbao kwenye maghala yao, nilicheka mpaka mteja wangu akaniuliza kama niko sawa. Mteja mwenyewe ni mama wa Kizungu anayefuga farasi nje ya Joburg, mbali huko kaskazini, ukishaipita Sandton na maghorofa yake ya vioo. Mimi ni mchora mabango. Nachora vichwa vya wanawake kwa ajili ya saluni, mikate na soda kwa ajili ya spaza, vile viduka vya mtaani, na mwaka juzi nilichora jino kubwa kwa daktari wa meno ambaye, nasikia, hakusomea. Aliponiita shambani kwake nilidhani anataka farasi.

Kumbe anataka blanketi. Akanionyesha picha kwenye simu. Mkulima wa huko Marekani anachukua ubao wa mraba, mkubwa kuliko mlango, anauchora ufanane na kipande cha lile blanketi la viraka alilolishona bibi yake, kisha anautundika juu ukutani mwa ghala ili wapita njia wauone. Bibi yangu wa Tanga angeliita mfarishi, halafu angeuliza nani huyo ameanika mfarishi mahali ambapo hauanuliki. Na kila mchoro una jina na maana yake. Kuna nyayo za dubu, kuna bata bukini wanaoruka, kuna nyota za kila aina, na kuna mmoja unaitwa njia ya mlevi, umepinda kweli. Nilimwambia huo nitamchorea bila rula. Hakucheka. Akachagua nyota, eti inalinda mifugo, nami nikaichora. Farasi mmoja akaja akailamba kabla haijakauka, kwa hiyo huyo nadhani amelindwa mpaka tumboni.

Nilimcheka yule mama njia nzima, lakini kazi yenyewe ilinikaa. Unabandika tepu, unapaka, unabandua, na ule mstari unatoka umenyooka mpaka unajiona mtu wa maana. Nikasema na mimi nitatundika langu, hapa hapa Hillbrow, ghorofa ya tatu, kwenye roshani yetu. Na sababu nilikuwa nayo, maana mama mkwe alikuwa anakuja.

Mke wangu ni Mkongo wa Bukavu. Aliletwa Joburg na shangazi yake akiwa bado msichana mdogo, na Kiswahili chake sasa kina Kizulu ndani na eish za mshangao mbili tatu kila sentensi. Tulioana hapa hapa, mama yake akiwa kule. Alipopigiwa simu na kuambiwa kwamba bintiye amepata Mwislamu wa Tanga anayechora vichwa vya saluni, hakutukana wala hakupongeza. Baadaye akatuma zawadi kwa mkono wa msafiri: kitenge kimoja, kimefuliwa mpaka kimelainika, bila neno lolote. Mke wangu akakikunja akakiweka chini ya sanduku, akasema ni kizuri mno kukata.

Sasa mke wangu alikuwa na mimba kubwa, na mama akatangaza safari. Alisema kwenye simu, mimi nikisikia, kwamba anakuja kunitazama kwa macho yake mwenyewe. Akiridhika nami atakaa mpaka mtoto azaliwe, amkande bintiye na kumlea mjukuu. Asiporidhika atarudi Bukavu na mwanawe, pamoja na tumbo. Mke wangu alikwenda jikoni akalia huku akiosha bakuli lile lile moja, bomba liko wazi. Niliogopa, sioni haya kusema. Mwanamke huyu nampenda, na mama yake sikuwa na la kumwonyesha ila brashi.

Basi nikakitoa kitenge sandukuni kwa siri, nikaenda nacho kwenye kibanda changu cha kazi. Niliwaza nikichora zawadi yake mwenyewe, kubwa, pale nje, atajua kwamba nyumba hii inamheshimu. Kilikuwa chekundu na buluu, na kimejaa maumbo marefu yaliyochongoka huku na huku, na tone katikati. Mimi niliona mbegu. Mke wangu alikuwa amewahi kusema ni samaki. Hakuna hata mmoja wetu aliyehangaika zaidi, na hapo lazima nieleze jinsi tulivyolelewa sisi watu wa Tanga. Kwetu nguo husema kwa maandishi. Shangazi zangu wawili waligombana miaka kwa khanga tu, bila kufungua mdomo, na aliyetaka kujua ametukanwaje alisoma pindoni. Kitenge hakina maandishi. Kwa hiyo kwangu mimi kitenge ni bubu, kizuri lakini bubu.

Nilichora visanduku tisa, kila kimoja na mbegu yake. Siku mke wangu alipokwenda uwanja wa ndege kumpokea mama, nikautundika ubao kwenye vyuma vya roshani. Chini yetu, kando ya barabara, wapo akina mama wa Kikongo wanaosuka nywele. Wakaacha kusuka. Mmoja akaziba mdomo kwa kitana, mwingine akakimbia mpaka kwenye robot, taa za barabarani, akawaita wenzake waje waone. Nikawapungia brashi. Mmoja akaniuliza kwa sauti kama mke wangu ameiona ile kitu. Nikamjibu bado, ni sapraizi. Jamani, waliangukiana. Nami nikasimama pale juu nimevimba, nikijiambia watu wa Hillbrow kumbe wanajua sanaa.

Gari likafika. Nikashuka mbio kupokea mizigo, nikampa shikamoo mama mkwe, mwanamke mrefu mwenye kilemba, naye akanijibu jambo tu, kwa sababu shikamoo kwao haina kazi. Kisha akainua uso akauona ubao. Teksi nyuma zikapiga honi, wasusi wakarudi haraka kwenye vichwa vya wateja. Akapanda ngazi ghorofa tatu zote, maana lifti yetu ilishakufa, bila kuniangalia. Akaketi ukingoni mwa kiti na pochi mapajani. Chai akaikataa. Akamwambia bintiye akunje nguo zake, wanaondoka.

Mke wangu akabaki kasimama na kikombe mkononi. Mama akanigeukia.

"Ule mwanamuke iko wapi?"

Nikamuuliza mwanamke gani. Akaonyesha roshani kwa kidevu.

"Mutoto yangu ameniambia yote pale inje, mbele ya watu. Jicho ya mupinzani. Unazani sijui kusoma?"

Ndipo tulipoelezwa, mimi na mke wangu, kama watoto wa chekechea. Kwao kila kikwembe, ndivyo wanavyokiita kitenge, kina jina ambalo wauzaji na wanunuzi wote wanalijua. Hizo hazikuwa mbegu wala samaki. Yalikuwa macho, na jina la kitenge ni hilo hilo alilolitaja, jicho la mpinzani, yaani mke mwenza. Hicho ni kitenge anachokivaa mwanamke anayejua kwamba mumewe ana mwingine nje, na anakivaa ili mume na huyo mwingine wajue kwamba anajua. Mama alikuwa ameshuka kwenye gari, akaliona jicho la mke mwenza mara tisa juu ya roshani ya mwanawe, akaona mtoto wake amekosa njia nyingine ya kumwambia mamake.

Nikacheka. Wallahi sikukusudia, kicheko kilinitoka tu, na hakuna wakati mbaya zaidi nimewahi kucheka maishani, hata siku ya yule farasi. Nikaapa kwa Mungu wangu kwamba ni mimi niliyechora, kwamba mwanamke mwingine hayupo, kwamba ningempatia wapi muda na mabango yote haya. Mke wangu akaapa kwa wake. Mama akasikiliza viapo vya dini zote mbili, kisha akaniuliza swali moja, kwa nini nilichagua hicho. Nikamwambia kwa sababu ni zawadi yake. Na kwa sababu rangi yake nzuri.

Akaniangalia kwa mara ya kwanza.

"Baba yake naye alisema rangi ni muzuri."

Akasimulia akiitazama ile pochi, kama anaiambia hiyo, si sisi. Alikivaa kitenge hicho kila Jumapili, miaka, akakaa kanisani mahali ambapo mumewe angemwona. Kanisa zima lilisoma. Yule mwanamke mwenyewe, aliyekuwa akiimba kwaya, alisoma, akawa anakwepa kumtazama. Mume peke yake hakusoma. Wakitoka alikuwa akimsifia rangi. Na mama aliposikia binti yake ameolewa mbali, na mtu asiyemjua, alikifua akakituma, ili siku ikifika mtoto awe na kitu cha kuvaa.

Mke wangu hakuwa anajua lolote la babake. Akaketi sakafuni, na tumbo lake lile, akauweka mkono kwenye mguu wa mamake. Mimi niliumia. Nilimwonea uchungu yule mama, na nikajichukia kwa yale maneno ya rangi, yaliyonitoka kama nimerithishwa na mtu ambaye sijawahi kumwona. Nikasema naenda kuuteremsha ubao sasa hivi.

Akanikataza. Alisema wanawake wa chini wameshaona wote, na ubao ukitoweka leo watasema basi ni kweli. Akakibeba kiti chake mwenyewe mpaka mlangoni mwa roshani, akaketi, akaniambia nichukue rangi.

"Uifunge. Ilale."

Nikainama juu ya vyuma vya roshani na kopo la buluu, nikaanza kuchora kope. Nikifunga jicho moja nahamia la pili. Mama akisimamia nyuma yangu, akisema hili bado linachungulia, ongeza rangi, na chini wasusi wamekaa wamekodoa macho, hakuna anayecheka tena. Mmoja akapiga vigelegele, wenzake wakampokea. Nikafika la mwisho, lile la chini pembeni. Nikachovya brashi.

"Ile moja uiache."

Nikamuuliza kwa nini, mama.

"Sijakujua bado muzuri."

Kisha akamwambia mke wangu azirudishe nguo kabatini, akavua viatu, akaomba chai.